Fremu Zilizobaki: Shajara ya Mradi wa Studio, Januari hadi Aprili 2024

Jumatatu, 8 Januari

Leo nimeufungua mradi huu rasmi, ingawa wazo lake nimekaa nalo tangu Mei mwaka jana, iliposikika kwamba mpiga picha Samuel Fosso ametunukiwa tuzo ya Deutsche Börse Photography Foundation mjini London. Picha zake mbili tatu nilikuwa nimeziona zamani bila kujua mwenyewe ni nani. Siku ile nilizitafuta zote nilizoweza kuzipata, na kilichonishika hasa hakikuwa tuzo bali mwanzo wake: mtoto wa miaka 13 mwenye studio yake mjini Bangui, ambaye jioni, wateja wakishaondoka, alizitumia fremu zilizosalia kwenye filamu yao kujipiga picha yeye mwenyewe, kwa sababu wateja walikuwa wameahidiwa picha zao upesi na filamu ilipaswa kusafishwa hata kama haijaisha. Fremu ambazo wengi wetu tulizipiga ukutani ili tu mkanda uishe, yeye alizijaza uso wake.

Nasema "tulizipiga" kwa kuwa nami nilifanya hivyo. Nilianza kazi hii mwaka 1996 chini ya mzee mmoja hapa Tanga, na kazi yangu ya kila jioni ilikuwa kumalizia mkanda kwa kupiga mlango, kalenda au kiti kitupu, kisha kuupeleka ndani ukasafishwe. Kwa miaka minne niliyokaa kwa mzee huyo, sijui nilipiga mlango ule mara ngapi.

Mradi wenyewe ni huu. Kwa muda wa miezi minne, pembeni ya kamera ya kidijitali inayotulisha, patakuwa na kamera ya zamani yenye filamu ya fremu 12. Fremu nane au tisa za kila mkanda zitakuwa za wateja watakaokubali kupigwa bila malipo, na zitakazobaki zitakuwa zetu sisi watatu, yaani mimi na wanagenzi wangu wawili, kwa masharti kwamba tutatumia taa zilezile, pazia lilelile na kiti kilekile walichokalia wateja wa siku hiyo. Wanagenzi hawa, kijana wa miaka 19 na binti wa miaka 22, wana vipaji ambavyo mimi sikuwa navyo kwa umri wao, lakini wote wawili wameingiwa na imani kwamba picha za paspoti na za familia ni kibarua, na kwamba sanaa iko mahali pengine, nje ya mlango huu wa Ngamiani. Sitaki kuwahubiria. Nataka tufanye kazi, halafu tuone.

Jumamosi, 13 Januari

Vifaa vimekamilika. Kamera ni Yashica Mat-124G niliyorithi kwa mzee wangu wa kazi, ya lenzi mbili, ya juu ya kutazamia na ya chini ya kupigia, na picha yake ni ya mraba, sentimita sita kwa sita, mraba uleule unaoonekana katika picha za ujana za Fosso. Mikanda mitano ya Ilford HP5 Plus imeletwa na msafiri kutoka Nairobi, pamoja na dawa ya kusafishia. Fedha iliyotumika ni nyingi kwa studio kama hii, na ndiyo maana hesabu ya fremu itaandikwa ukutani kwa chokaa kila jioni.

Wanagenzi wamehangaika kutwa na kioo cha kutazamia. Katika kamera hii mpiga picha huinamia kioo kilicho juu, na anachokiona kimegeuzwa, kulia kuwa kushoto, kwa hiyo ukitaka kumfuata mteja aliyesogea, mkono wako wa kwanza huenda upande usio wake. Binti alizoea baada ya saa moja. Kijana bado. Hata hivyo nimeona jambo moja ambalo nilikuwa nimelisahau: mtu anayepigwa picha na mpigaji aliyeinamisha kichwa hujiachia zaidi kuliko yule anayekabiliwa na mtu aliyeficha uso nyuma ya kamera.

Ijumaa, 26 Januari

Mchana umeme ulikatika, tukakaa barazani na kusoma maisha ya Fosso. Nayaandika hapa kwa ufupi ili wanagenzi wayarejee.

Alizaliwa mwaka 1962 Kumba, Kameruni, katika familia ya Waigbo wa Nigeria. Alipokuwa mdogo alikuwa na ulemavu wa kupooza, akapelekwa kwa babu yake, mganga na mkubwa wa kijiji upande wa Nigeria, akatibiwa huko. Ilikuwa desturi kwao mtoto mchanga kupigwa picha, lakini yeye, kwa hali aliyokuwa nayo, hakupigwa. Vita vya Biafra, vya mwaka 1967 hadi 1970, vilimkuta akiwa mtoto, naye akampoteza mama yake. Mwaka 1972 akachukuliwa na mjomba wake fundi viatu, wakaenda kuishi Bangui, Jamhuri ya Afrika ya Kati. Alishona viatu kwa muda, akajifunza upigaji picha kwa miezi michache tu kwa fundi wa jirani, na mwaka 1975 akafungua Studio Photo Nationale, ambayo tangazo lake liliwaahidi wateja kwamba wakipigwa hapo watakuwa wazuri, watanashati na wepesi wa kutambulika.

Binti alisimama hapo kwenye neno la mwisho. Akasema, "Fundi, hiyo ndiyo paspoti." Ni kweli. Mtu aliyeahidi uzuri aliahidi na utambulisho kwa pumzi moja, kwa sababu mteja wa studio anataka vyote viwili: awe mzuri kupita siku zake za kawaida, lakini afisa wa dirishani na shangazi yake wa mbali wasimpotee. Nimepiga paspoti kwa zaidi ya robo karne na sijawahi kuliona jambo hilo kwa uwazi kama alivyoliona yeye leo.

Kuhusu picha za kujipiga, sababu yake ya kwanza ilikuwa ya kinyumbani kabisa. Alimtumia bibi yake aliyebaki Nigeria, ili bibi aone kwamba mjukuu yuko hai, anakula na anavaa vizuri. Mtoto ambaye hakupigwa picha alipokuwa mchanga alikuja kujipiga kwa mamia, na nyingi katika hizo za mwanzo zilikuwa barua. Nguo nazo zilikuwa za wakati ule, suruali pana chini, viatu vya kisigino kirefu, shati la kubana, kwa mfano wa mwanamuziki Prince Nico Mbarga aliyempenda. Haya yalikuwa mavazi ambayo chini ya utawala wa Bokassa, mtawala wa nchi hiyo wakati ule, kijana asingetembea nayo barabarani kwa amani, kwa hiyo ndani ya studio, mlango ukishafungwa, palikuwa mahali pake pa pekee pa kuyavaa.

Jumapili, 4 Februari

Mkanda wa kwanza umeharibika kwa sehemu, na kosa ni langu.

Dawa ya filamu hii imekusudiwa kutumika katika nyuzi 20, kwa dakika saba na nusu. Maji ya bomba Tanga mwezi huu, kwa kipimajoto changu, yana nyuzi 29. Dawa yenye joto hufanya kazi haraka, na muda ukishuka chini ya dakika tano ni vigumu ienee sawasawa juu ya mkanda, kwa hiyo nilinunua barafu za mifuko kwa jirani anayeuza sharubati, nikaipoza dawa ndani ya beseni mpaka ikafika nyuzi 20 barabara. Hadi hapo nilifanya ilivyopasa. Kosa ni kwamba niliisahau suuza. Niliutoa mkanda kwenye dawa baridi nikauingiza moja kwa moja kwenye maji ya bomba, utando wa picha ukalainika, na nilipoukamua maji kwa vidole kama nilivyofundishwa zamani, fremu tatu zikachubuka kutoka ukingo hadi ukingo. Mbili ni zetu. Moja ni ya mzee wa miaka zaidi ya themanini aliyekuja kupigwa na mjukuu wake, na jambo hilo limeniuma, kwa sababu yeye hakukaa pale kwa ajili ya majaribio yangu. Nimempelekea ujumbe kwa mjukuu kumwomba aje tena.

Kuanzia sasa maji yote, ya dawa, ya kusimamishia na ya kusuuzia, yatakaa kwenye beseni moja lenye barafu kabla ya kazi kuanza, na hakuna kidole kitakachogusa mkanda uliolowa. Tutautundika na kuuacha udondoke wenyewe.

Jumatano, 14 Februari

Mkanda wa pili ni safi, fremu zote 12. Mzee alikuja. Alikaa muda mrefu kuliko mara ya kwanza na aliniambia nisiharakishe.

Jumanne, 27 Februari

Wiki hizi mbili kazi imekuwa juu ya mwanga, na ninaandika kwa kirefu kwa kuwa ndipo wanagenzi walipojifunza zaidi.

Kamera ya kidijitali imewazoesha kupiga, kutazama na kurekebisha. Filamu haina hiyo nafasi ya kutazama, kwa hiyo lazima upime mwanga kabla na ukiamini kipimo chako. Kipimamwanga kinachosoma mwanga unaorudi kutoka kwa mtu hudhani kwamba kila kitu duniani kina weupe wa kadiri. Ukikielekeza kwenye kanzu nyeupe kitakuambia mwanga ni mwingi, utapunguza, na uso mweusi ulio juu ya kanzu hiyo utazama gizani. Ukikielekeza kwenye uso tu kitakuambia mwanga hautoshi, utaongeza, na kanzu itapoteza mikunjo na nyuzi zake. Dawa ya tatizo hili ni kupima mwanga unaomfikia mtu wala si ule unaotoka kwake: unasimama alipo, unakiweka kipimo chini ya kidevu chake, kuba lake jeupe likitazama kamera, na unasoma mara moja. Hapo kanzu inabaki kanzu na uso unabaki uso.

Lakini kipimo ni nusu ya kazi. Nusu nyingine ni kuisogeza taa mpaka ngozi ing'ae mahali panapostahili, juu ya shavu, ukingo wa paji, ubavu wa pua, kwa sababu ngozi nyeusi huonyesha umbo lake kwa mng'ao zaidi kuliko kwa kivuli. Nimewaambia waache kuwapaka wateja poda ya kuondoa mng'ao, desturi ambayo nadhani tuliipokea bila kuiuliza. Katika mfululizo wake wa SIXSIXSIX wa miaka ya 2015 na 2016, Fosso alijipiga Polaroid kubwa 666, yaani picha zinazojitokeza papo hapo, mabega wazi, bila pambo wala kisa, na anayezitazama kwa makini ataona kwamba kazi kubwa ndani yake inafanywa na mwanga juu ya ngozi na misuli midogo ya uso. Tumechagua tatu, tukazichora kwenye karatasi, tukatafuta taa ilikuwa wapi. Kijana alitofautiana nami juu ya moja, na nilipojaribu kwa kumkalisha yeye mwenyewe kitini, ikaonekana yeye ndiye aliyekuwa sahihi.

Fremu zilizobaki za mkanda wa tatu zilikuwa nne. Nilijipiga moja. Ni mara ya kwanza maishani kukaa kwenye kiti changu mwenyewe nikiitazama lenzi, na sekunde zile kumi za kamera kujihesabia zilikuwa ndefu. Nimeelewa kwa nini wateja huniuliza mikono waiweke wapi.

Alhamisi, 7 Machi

Tumefika kwenye mavazi, na hapa palikuwa na mabishano.

Hadi mwaka 1993 Fosso hakujulikana nje ya Bangui. Mwaka huo mpiga picha Mfaransa Bernard Descamps alikuwa akitafuta kazi za kupeleka kwenye maonyesho ya kwanza ya upigaji picha ya Bamako, akafika studioni kwake, na mwaka 1994 picha zile alizozipiga kwa fremu za masalio zikaning'inizwa Mali na kupata tuzo. Mwaka 1997 duka la Tati la Paris, duka la bei nafuu lililopendwa sana na wahamiaji kutoka Afrika, liliadhimisha miaka 50 kwa kuwaalika wapiga picha watatu wa Kiafrika: Seydou Keïta, Malick Sidibé na yeye. Wenzake walipiga picha za watu, yeye akajipiga mwenyewe, kwa rangi, akiwa amejivika kila mara mtu mwingine. Mojawapo ni chifu aliyeiuza Afrika kwa wakoloni, ameketi katika ngozi ya chui, miwani machoni, maua ya alizeti mkononi. Ni picha inayofurahisha macho kwanza, na baadaye humtia mtu simanzi, kwani ni hesabu ya dhambi za wakubwa wetu wenyewe.

Mwaka 2008 akapiga African Spirits, picha 14 ambamo amekuwa Lumumba, Nkrumah, Malcolm X, Angela Davis, Muhammad Ali aliyechomwa mishale, mkimbiaji Tommie Smith aliyeinua ngumi Mexico mwaka 1968. Kila moja imejengwa upya juu ya picha ambayo dunia tayari inaijua. Seydou Keïta naye yumo, mpiga picha wa studio ya Bamako, amewekwa safu moja na wapigania uhuru. Hilo nililiona na kunyamaza, nikangoja wanagenzi waseme. Kijana ndiye aliyesema: "Kwa hiyo fundi wa studio naye ni shujaa?" Sikumjibu, kwa kuwa jibu lilikuwa tayari mbele yake.

Mabishano yalizuka kwa sababu kijana alitaka kujipiga kama mwanamuziki anayempenda, amekwisha azima miwani na mkufu. Nilimuuliza anataka kusema nini kwa kuvaa hivyo. Alijibu kwamba anapendeza. Binti akamtetea, akasema Fosso naye mwaka 1976 alitaka kupendeza tu na kumtumia bibi yake, mbona hatumuulizi yeye. Nilifikiri usiku kucha juu ya jibu hilo. Asubuhi nilimwambia kijana apige. Hoja ya binti ilikuwa na nguvu kuliko yangu: mtoto wa Bangui hakuanza na hoja, alianza na hamu ya kuonekana vizuri, na hamu hiyo ndiyo inayomleta kila mteja wetu mlangoni. Kumnyima mwanagenzi kile tunachomuuzia mteja kusingekuwa haki.

Binti mwenyewe amechagua njia nyingine. Fosso alikuwa na mfululizo wa mwaka 2003 juu ya ndoto ya babu yake mganga, na tangu auone hakutulia. Bibi yake binti, aliyeko Pangani, aliuza samaki wa kukaanga kwa miaka mingi. Ameomba kujipiga kama bibi, kwa kaniki, ungo na kigoda.

Jumapili, 17 Machi

Leo hatukupiga picha. Tuko ndani ya wiki ya kwanza ya Ramadhani, wateja ni wachache, na tumeshinda stoo.

Sababu ni hii. Mwanzoni mwa mwaka 2014, Bangui ilipokuwa katika mapigano, nyumba ya Fosso iliporwa yeye akiwa hayupo. Waporaji walichukua waliloliona lina thamani, na negativu, yaani filamu zilizokwisha kusafishwa, pamoja na picha za miaka karibu arobaini wakazimwaga barabarani kama takataka. Wanahabari wa kigeni Jerome Delay na Marcus Bleasdale, pamoja na Peter Bouckaert wa Human Rights Watch, walipita hapo, wakatambua ni za nani, wakaanza kuziokota. Nyingi ziliokolewa. Si hizo za kujipiga tu zilizokuwa vumbini. Zilikuwamo pia picha za wateja wa Studio Photo Nationale, watu wa Bangui waliokuwa wameahidiwa uzuri na wepesi wa kutambulika. Na huyo ni mtu ambaye mji ule ulikwisha kumjeruhi kabla: mfululizo wake wa mwaka 2000 unakumbuka usiku wa mwaka 1997, rafiki na jirani yake alipouawa na watu wenye silaha.

Nilipokuwa nikiwasimulia wanagenzi habari hii, binti aliniuliza negativu zetu ziko wapi. Nikawaeleza ukweli, na naueleza na hapa.

Mwaka 2009, nilipohamia kabisa kwenye kamera ya kidijitali, nilihitaji chumba kwa ajili ya kompyuta na mashine ya kuchapia. Nilijaza magunia matatu ya negativu, za tangu nilipofungua studio mwaka 2000 hadi kama 2005, nikayapeleka jalalani. Hakuna aliyenipora. Nilibeba mwenyewe, kwa mkokoteni niliokodi. Kwa wakati ule nilihesabu kwamba mteja aliyetaka nakala angekuwa amekwisha kuja. Mwaka 2016 alikuja mama mmoja akiwa na risiti yangu ya mwaka 2003, aliyoitunza ndani ya mfuko wa plastiki, anatafuta picha ya mumewe aliyekuwa amefariki mwezi huo. Walipigwa pamoja siku ya Idi. Nakala yao iliungua na nyumba. Nilimwambia sinayo. Alinishukuru, akaikunja risiti, akairudisha mfukoni. Kila ninapopiga picha ya mume na mke tangu siku ile namkumbuka.

Yamebaki masanduku 14, ya mwaka 2005 hadi 2009, na machache ya mzee wangu wa kazi. Tumeyafungua yote. Manne yameingiwa na ukungu kwa unyevu wa bahari, moja limeliwa na mchwa upande wa chini, na katika mengine negativu zimegandana na mifuko yake ya plastiki. Tulichofanya leo ni kuyainua kutoka sakafuni, kuzitenga zenye ukungu zisiambukize nyingine, na kuanza kuzihamishia zile nzima kwenye bahasha za karatasi kavu, kila bahasha ikiandikwa mwaka, na jina kama risiti ipo. Tumemaliza sanduku moja na nusu. Kazi hii haikuwamo kwenye mpango wa mradi. Naiingiza kuanzia leo, na itaendelea baada ya mradi kwisha.

Nimewaambia wanagenzi pia kwamba pwani hii ina mifano ya kufuata. Capital Art Studio ya Unguja, iliyoanzishwa na Ranchhod Oza mwaka 1930, imetunza sura za mji ule kwa vizazi. Lamu, Omar Said Bakor alikuwa na studio ambamo alikata na kuunganisha picha za wateja wake na maua, herufi na vyombo, mpaka mtu akatokea ndani ya waridi. Mafundi hawa walitafuta riziki kwa kupiga sura za majirani zao, na huko huko ndani ya riziki ndiko walikobuni.

Jumamosi, 13 Aprili

Idi ilikuwa Jumatano. Kwa siku tatu hatukupata nafasi ya kuketi. Familia zilipanga foleni hadi nje ya baraza, watoto katika nguo mpya zenye mikunjo ya dukani, kina baba na kanzu zilizopigwa pasi mpaka zikasimama, mabinti na hina ambayo haijakauka vizuri. Mkanda wa nne uliisha siku ya kwanza na wa tano siku ya pili, kwa kuwa karibu kila familia niliyoiuliza ilikubali kupigwa na kamera ya zamani. Bibi mmoja aliitambua. Alisema alipigwa na kamera kama hiyo siku ya harusi yake, akamtaja mzee wangu wa kazi kwa jina, nami nikamwonyesha kwamba ndiyo yenyewe.

Jioni ya siku ya pili zilikuwa zimebaki fremu tatu. Wanagenzi walikuwa wamechoka hata kuzungumza. Kijana alikaa kitini na shati lake la kazi, lenye jasho, bila miwani wala mkufu, akamwambia binti apige. Ni picha yake bora kuliko zote za miezi hii minne, na nasema hivyo nikijua kwamba nilimruhusu ile ya mavazi na siijutii.

Binti alitaka kutumia moja kwa kaniki ya bibi yake. Taa zilikuwa bado zimesimama mahali zilipowapiga familia za Idi, na pazia ni lile la buluu lenye mawingu ambalo wanagenzi hawa walinisihi Januari nilitupe. Alikaa juu ya kigoda, ungo magotini, mgongo umenyooka kuliko nilivyowahi kumwona. Nilitaka kumwelekeza akunje mabega kidogo, kwa kuwa wauza samaki niliowazoea hukaa wameinamia karai. Akakataa kwa adabu: "Bibi hakukaa hivyo, Fundi. Wengine ndio walikaa hivyo." Nikapiga alivyotaka.

Jumapili, 28 Aprili

Mikanda yote mitano imesafishwa. Hesabu ni hii: fremu 60, tatu zimeharibika, 41 ni za wateja, 16 ni zetu. Za wateja zimechapwa na 33 zimekwisha chukuliwa. Nane zinangoja, na majina yako ubaoni. Kila negativu imeingia kwenye bahasha ya karatasi yenye tarehe. Masanduku ya zamani yaliyokwisha hamishwa ni matano kati ya 14.

Zile zetu 16 tumezitundika kwenye ukuta wa mapokezi, mahali palipokuwa na mabango ya bei, pasipo maelezo yoyote isipokuwa tarehe. Wateja wanaongoja zamu zao huzitazama. Wawili wameomba wapigwe "kama huyu wa ungo", na binti ndiye aliyewapiga, kwa kidijitali, kwa bei ya kawaida ya picha ya familia.

Nakala ya picha yake ilikwenda Pangani Jumatatu kwa basi, ndani ya bahasha ngumu, na Alhamisi bibi alimpigia simu. Aliuliza nani amempiga picha na lini, kwa kuwa hakumbuki kukaa kwa mpiga picha akiwa na ungo. Binti alimwacha aendelee kutazama. Ilipita kitambo, simu ikiwa wazi, kisha tukamsikia bibi akimwita jirani yake aje na miwani.

Kijana ameomba mkanda mwingine. Nimeagiza miwili, itafika na msafiri wa Nairobi katikati ya Mei. Kesho tunaendelea na sanduku la sita.